Vitambaa vya Mama Swaleh

Wanafunzi wangu wa filamu wana swali wanaloniuliza kila mwaka, na kila mwaka huwajibu uongo. Huuliza kwa nini katika filamu zangu zote watu huketi mbele ya ukuta mtupu. Hakuna kalenda nyuma yao, hakuna saa, hakuna picha ya harusi, hata msumari haupo. Mwandishi mmoja wa gazeti aliwahi kuuita huo unyenyekevu wa jicho langu, nami nikamshukuru, maana sifa ni sifa. Nimetengeneza filamu za matukio ya kweli kwa zaidi ya miaka ishirini na tano, kuhusu wachoraji, wanamuziki wa vilabuni, waigizaji wa jukwaa la mtaani, wote wakiwa na ugomvi wao na wakubwa wa nchi, na nimepewa vyeti vya kutosha kufunika ukuta wowote ule. Wanafunzi nawaambia kwamba ukuta mtupu humfanya mtazamaji asikilize. Wanaandika. Ukweli ni kwamba naogopa vitu vya nyumbani kwa watu. Woga huo niliupata nikiwa na miaka ishirini na sita, katika nyumba moja upande wa chini wa Jogoo Road, na juzi Mwanaisha alinipigia simu kuniambia kwamba mwenye nyumba hiyo, mamake, amefariki.

"Dada Nekesa," alisema, "mama ametangulia. Tulimzika jana baada ya adhuhuri. Unisamehe sikukuita, mambo yalienda mbio." Nikampa pole, na pole yangu ilikuwa ya kweli, kwa sababu nilimpenda mama yule na nilimwogopa pia. Kisha Mwanaisha akasema alikuwa na ombi. "Ile kanda ya Idi. Si ile mliyoonyesha watu, ile ya kwanza kabisa, kabla hamjageuza sauti yake. Bado unayo?" Nikasema ninayo. "Basi niletee, dada. Watoto wangu hawajawahi kumsikia mjomba wao akizungumza. Na mimi mwenyewe, nitakuficha nini, sauti yake imeanza kunipotea." Nikamwambia nitaileta Jumapili. Baada ya hapo nilikaa na simu mkononi muda mrefu, chai ikapoa, kwa sababu najua kilichomo katika kanda ile. Idi anazungumza, na mimi pia nazungumza.

Mwaka ule ulianza na Ouma. Ouma alikuwa mchoraji wa mabango. Kama uliwahi kununua nyama au kunyolewa upande ule, bila shaka ulitazamwa na mmoja wa ng'ombe wake, au na kile kichwa cha kijana mwenye nywele zilizochongwa kama mkate, maana Ouma alikichora kichwa hicho kimoja katika vibanda vyote vya vinyozi na hakuna aliyelalamika. Alikuwa mrefu, mpole, na suruali yake ya kazi ilikuwa imekauka kwa rangi kiasi kwamba tulimtania kuwa akifika nyumbani haitundiki, anaisimamisha tu pembeni. Hiyo ndiyo ilikuwa riziki yake. Jumapili alifanya kazi nyingine. Kwenye ukuta wa nyuma wa jumba la mikutano la mtaa, alichora nyuso za vijana wa pale waliopigwa risasi na maafisa wasiovaa sare. Uso mmoja, jina la utani chini yake, basi. Hakuandika kauli yoyote. Mara mbili watu wa ovaroli walikuja asubuhi na mapipa ya chokaa wakaupaka ukuta wote mweupe, na mara zote mbili Ouma alisimama kando akiwatazama kama fundi mkuu anayekagua vibarua. "Hawa majamaa si wabaya," aliniambia. "Wananipakia rangi ile ya kwanza bure." Kisha akachukua brashi akaanza upya na uso wa kwanza. Mimi nilikuwa nimesimama hapo na kamera ya kuazima, nikiwa nimetoka chuoni na kiburi changu chote, nikajua nimepata filamu.

Kilichonivutia zaidi ni namna yake ya kufanya kazi. Picha ya marehemu, hasa ikiwa ni ile moja tu iliyobaki, haitoki nyumbani. Wazazi wa mtaa ule walikuwa wamejifunza hivyo baada ya picha kadhaa kuazimwa na wanahabari, mawakili na watu wa makongamano, zisirudi tena. Kwa hivyo Ouma alienda yeye mwenyewe na daftari lake la karatasi ngumu, akaketi ndani, akachora kwa penseli huku mama wa marehemu akizungumza. Hakuanza kabla hajala chochote katika nyumba hiyo, hata kama ni chai ya rangi. Na hakuuliza kijana alikufaje. Aliuliza, "Alikuwa akicheka aje?" Nimekaa katika vyumba vile nikishika maikrofoni, magoti yakigusana na meza, nikasikia kina mama wakijaribu kueleza kicheko. Mmoja, ambaye hakuwa na picha nyingine ila ya kitambulisho, alijaribu kukiiga kicheko chenyewe, akashindwa, akaenda kukoroga uji ambao hata haukuwa umebandikwa jikoni. Ouma alingoja. Nje watu walikuwa wakigombania zamu ya bomba, mtu akisema kwamba mwanamke fulani huleta ndoo tano kana kwamba anaosha gari moshi. Ouma alipomaliza alimwonyesha mama karatasi, naye akaangalia na kusema, "Sikio lake lilikuwa dogo." Ouma akafuta sikio.

Mama Swaleh alikuwa wa nne katika orodha yake. Swaleh, mwanawe wa kwanza, alikuwa ameuawa miezi mitano kabla. Baada yake alikuwepo Idi, wa miaka ishirini na minane, kibarua wa kupakia katoni katika kiwanda kimoja cha sabuni Industrial Area, halafu Mwanaisha, aliyekuwa kidato cha tatu na ambaye aliniita dada tangu siku ya kwanza nilipomsaidia kuandika insha. Mama mwenyewe aliuza mapazia na mashuka ya mitumba katika soko la Gikomba. Alikuwa mfupi, mwenye sauti nzito, na maarufu mtaani kwa kitu kimoja: vitambaa vyake. Aliyekulia mitaa ile hahitaji kuelezwa. Makochi, meza, redio, televisheni, hata mtungi wa maji, kila kitu kilifunikwa kitambaa cha kufuma kwa kulabu, na nyumba isiyo na vitambaa ilihesabiwa kuwa ya mtu anayepita tu. Kina mama walifunzana mitindo, huyu nanasi, yule waridi, mpaka ukiingia nyumba kumi unaona waridi moja. Mama Swaleh peke yake alikuwa na nyota yenye ncha nane, ndogo katikati ya kubwa, na hakumfunza mtu. Uzi aliupata kwa kufumua sweta za pamba za Gikomba, kwa hivyo hata rangi yake, wekundu wa matofali na weupe wa maziwa, haikupatikana dukani. Ilisemekana kwamba katika matanga ya Swaleh jirani mmoja alikamatwa akihesabu vifundo huku amejifunika leso kana kwamba analia. Mama Swaleh ndiye aliyenisimulia hilo, na hapo ndipo nilipomwona akicheka mara ya kwanza. "Nikamwambia, mama nanii, lia vizuri, ukimaliza nitakupa chai, lakini nyota zangu sikupi."

Ouma alimchora Swaleh, na mimi nikachukua picha za kutosha. Lakini siku ya tatu, tulipokuwa tukifunga vifaa, Idi alinifuata hadi nje akasema ana jambo. Siku ile Swaleh alipouawa, yeye alikuwa amepanda juu ya mabati kurekebisha antena ya televisheni. Alimwona kaka yake akitoka bafu la pamoja na beseni na kipande cha sabuni. Aliwaona watu watatu wakimwita kwa jina, mmoja wao yule afisa ambaye mtaa mzima ulimwita Karani kwa sababu alitembea na kijidaftari. Walimwambia apige magoti, akapiga. Idi alilala kifudifudi juu ya mabati ya moto mpaka walipoondoka, na aliona pia kile walichokiweka karibu na mkono wa kaka yake kabla ya kuwaita watu. Taarifa ya polisi ilisema jambazi mwenye silaha. Sasa kulikuwa na wakili aliyepigania kifo hicho kichunguzwe mahakamani Makadara, na Idi ndiye shahidi pekee. Karani na wenzake hawakujua kwamba kulikuwa na mtu juu ya paa. Wakili alikuwa amemwonya asimwambie yeyote mpaka siku yenyewe.

"Mbona unaniambia mimi?" nilimuuliza.

"Kwa sababu naweza kufa kabla," alisema, kwa sauti ya kawaida kabisa. "Gari linaweza kunigonga hata leo. Nataka ibaki mahali. Lakini uso wangu usionekane, dada. Sauti pia ugeuze. Mtu wa hapa asijue ni mimi."

Nikamwahidi. Nilimwahidi upesi, na moyoni nilikuwa na furaha ambayo mpaka leo naionea haya. Filamu yangu ilikuwa na nyuso, ilikuwa na rangi, ilikuwa na Ouma na utani wake. Ilikosa kitu kimoja, nacho kilikuwa kimekuja chenyewe kikanishika mkono.

Tulirekodi Jumamosi alasiri. Mama Swaleh alijua tu kwamba tunakuja na kamera kuzungumza na Idi kuhusu kaka yake, na kwa kuwa mgeni ni mgeni, alikuwa amevifua vitambaa vyote tangu Alhamisi, akavitia wanga, akavinyoosha, akavitandika hadi kwenye kiti cha plastiki. Mpiga kamera wangu, Kibe, alikuwa mtu wa Uplands, nje kabisa ya mji, fundi hodari, asiyejua lolote kuhusu mambo ya vitambaa. Alimweka Idi kwenye kigoda akiipa mgongo kamera, ukutani mbele yake kukiwa na lile kochi kubwa, na mwanga wa dirisha ukaingia kwa ubavu. Idi akawa kivuli cheusi, mabega na shingo tu. Mbele yake nyota zile zikawaka nyekundu na nyeupe kana kwamba zimewashwa kwa ndani. Nilipoangalia kwenye kioo cha kamera nilipigwa na butwaa. Sijawahi kupata picha nzuri kama hiyo tena, na nimeitafuta.

Mashine ya sauti ilikuwa tayari inazunguka, kwa sababu huwa tunaiwasha mapema kupima. Mama alikuwa jikoni na pilau. Idi aligeuka akaniangalia, akasema kwa sauti ya chini, "Dada, hivi vitambaa si tuvitoe? Mtu wa hapa akiviona atajua ni kwetu."

Nami nikasema, "Viache, Idi. Vinapendeza. Halafu tukivitoa mama ataudhika. Hakuna mtu atakayejua, picha yenyewe itakuwa giza."

Nimeyasikiliza maneno hayo mara nyingi kuliko maneno mengine yoyote niliyowahi kusema. Kwamba mama angeudhika ni kweli. Kwamba hakuna atakayejua nilisema tu, bila kufikiri, ingawa mimi nililelewa mtaa wa pili kutoka pale na nilijua kwamba mwanamke wa Eastlands, mitaa yetu ile, husoma kitambaa haraka kuliko anavyosoma jina. Lakini lililotangulia ndilo la moyoni, vinapendeza. Wangekuwa ni watu wa ng'ambo ya mji waliofanya kosa lile, ningewatukana. Kibe hakujua. Mimi nilijua. Idi alinitazama kidogo, akageuka, akaanza kuzungumza, na alizungumza dakika arubaini bila kusita ila mahali pale pa sabuni. Baadaye tulikula pilau na kachumbari kwenye sinia moja, na Mama Swaleh akaniuliza, akijifanya hajali, "Na vitambaa vyangu vimeonekana?" Nikamwambia vimeonekana vizuri sana, mama. Akaniongezea nyama.

Filamu ilikamilika kabla ya tarehe ya mahakama. Barua ilikuwa imekuja kutoka tamasha moja la ng'ambo wakiitaka, lakini nilikuwa nimewaapia watu wa mtaa kwamba wao ndio watakaoiona kwanza, na ahadi hiyo niliionea fahari. Kumbe fahari nyingine ni za kupeleka watu kaburini. Tukatundika mablanketi kwenye madirisha ya jumba la mikutano Jumapili mchana, Ouma akanyoosha shuka ukutani, watu wakajaa mpaka wengine wakasimama mlangoni. Idi alikuja na mamake, akaketi safu ya tatu kama mtu yeyote, kwa sababu kutokuja kungemtia mashakani. Watu walicheka Ouma alipowasifu wapaka chokaa. Walilia walipowaona wanao. Kisha kikaja kile kivuli na ile sauti nzito tuliyoigeuza kwa mashine, na mbele yake nyota zile za ncha nane zikiwaka.

Mimi nilikuwa nyuma, kando ya projekta. Sauti ya kwanza niliyoisikia ilikuwa ya mwanamke, ya furaha tupu. "Ala, si hizo nyota za Mama Swaleh?" Mwingine akasema, "Ni zenyewe. Kumbe zinang'aa hivyo." Halafu safu ile yote ya kina mama ikaanza kunong'ona na kugusana mabega, mmoja akapiga makofi, na mtu akamwita kwa upendo, "Mama Swaleh, umetoka kwa sinema." Nilimwona Mama Swaleh akitabasamu, akainamisha kichwa kwa haya. Nikaona pia tabasamu lile likisimama, likibaki usoni bila mwenyewe. Maneno yaliendelea kusemwa kwenye shuka: nilikuwa juu ya mabati, nikamwona Karani akimwambia apige magoti. Kelele zikakatika moja baada ya nyingine mpaka jumba likawa kimya, maana kila mtu alikuwa amekwisha kuhesabu nyumba ile ina wanaume wangapi waliobaki. Idi hakugeuka kunitazama. Alikaa mpaka mwisho, akasaidia kukunja viti, akanijia pale nilipokuwa nazungusha nyaya. "Picha nzuri, dada," akasema. Akaondoka na mamake, akiwa amemshika kiwiko.

Watu wa mtaa ule husema kuna aliyemuuza. Nimesikia majina matatu tofauti. Hakuna aliyemuuza Idi. Walimtaja tu, wakimsifu mamake, na maneno yakatembea kama yanavyotembea maneno mazuri, kutoka bombani hadi dukani hadi kinyozini. Wakili alipopata habari alisema Idi aondoke mjini, na nauli ikatafutwa ya kumpeleka kwa jamaa zao Kibigori, magharibi mwa nchi. Alikuwa aondoke Ijumaa. Alhamisi alikwenda kiwandani kuaga na kuchukua ovaroli yake, na wenzake walimwona akiitwa na mtu aliyekuwa ndani ya gari jeupe nje ya lango. Aliitwa kwa jina, walisema, na akaenda kwa sababu aliyemwita alimwita kwa upole. Tulimtafuta wiki sita. Nilikwenda na Mama Swaleh na Ouma katika vituo na vyumba vya maiti, tukavutiwa droo moja baada ya nyingine, na kila mara mama aliangalia miguu kwanza, kwa sababu Idi alikuwa na kovu la maji moto. Hakupatikana. Mpaka leo hajapatikana. Kesi iliitwa siku yake, shahidi hakuwepo, faili ikafungwa.

Siku moja katika zile wiki, tukiwa tumekaa nje ya mochari tukingoja mtu wa funguo, Ouma aliniuliza. Hakunitazama. "Nekesa, Kibe ni mtu wa mbali. Lakini wewe ni wa huku. Ulikuwa umeviona vile vitambaa?"

"Sikuviona," nikasema. "Nilikuwa naangalia mwanga."

Akatikisa kichwa polepole, akakubali, au akaamua kukubali. Ouma ameshakufa, kwa mapafu, na sijui alikufa akiamini nini.

La Mama Swaleh ndilo lililonikaa. Jioni ya siku ile ile ya mochari alivikusanya vitambaa vyote, kochi likabaki na sponji yake imechomoza, akavifunga kwenye shuka na kuketi juu ya furushi. Mwanaisha alikuwa akiosha vyombo. Mama akanyoosha mikono yake miwili mbele yangu, vidole vyenye alama za kulabu, akaniambia, "Mwanangu, mikono hii ndiyo iliyomuuza Idi. Ningekaa na kochi langu tupu kama maskini wenzangu, angekuwa hapa. Ni kiburi changu. Nilitaka watu waone." Nilikuwa karibu naye, ningeweza kumgusa. Nilichotakiwa kusema kilikuwa kifupi: mama, Idi aliniomba tuvitoe, nikakataa. Badala yake nikasema, "Usiseme hivyo, mama. Ni kazi ya Mungu." Mimi ambaye hata kanisani siendi. Mkobani mwangu ilikuwemo tikiti ya ndege ya kwenda tamashani, na nilikuwa nahesabu kwamba nikisema, nitaipoteza filamu, na nikiipoteza filamu, basi Idi atakuwa amepotea bure. Ni hesabu nzuri ukiitazama haraka. Ilinipeleka ng'ambo, ikaniletea tuzo ya kwanza, na kazi yote iliyofuata. Picha ya kivuli na nyota ndiyo iliyochapishwa kwenye mabango. Hadi leo nikialikwa mahali huonyeshwa picha hiyo kwanza, watu wakashusha pumzi, nami hukaa jukwaani nikitazama viatu vyangu.

Hakushika kulabu tena. Nilimtembelea kila Idd, nikibeba sukari na unga, na aliniita mwanangu na kuniuliza kwa nini nakonda. Ouma alimwomba mara mbili aruhusu Idi achorwe ukutani karibu na kaka yake. Alikataa. "Hachorwi mtoto ambaye sijamwosha nikamzika," alimwambia. Mara nyingine, tukiwa wawili, alirudia yale ya mikono yake, bila machozi, kama mtu anayetaja ugonjwa aliouzoea, nami nikarudia yangu ya Mungu. Majuto ni mjukuu, wanasema, lakini mjukuu huyu nilimlea mwenyewe, nikamlisha, nikamkuza, na kila mwaka nikampeleka kwa yule bibi amwamkie bila kumwambia ni wa nani.

Usiku wa Ijumaa sikulala, na Jumamosi asubuhi nikaenda ofisini nikaitoa kanda, nikaihamishia kwenye kompyuta. Nilipofika pale pa maneno yetu, mimi na Idi, niliona kwamba ni sekunde kumi na moja. Mtu wa kazi yangu huondoa sekunde kumi na moja huku akinywa chai. Ungeunganisha kikohozi cha Idi na neno lake la kwanza na hakuna sikio ambalo lingejua. Niliweka alama mwanzo, nikaweka alama mwisho. Nilikaa hapo mpaka mlinzi akaja kuuliza kama nataka geti lifungwe. Nilijiambia ya kumwepusha Mwanaisha na uchungu, nilijiambia marehemu hasikii tena, na sababu zote zilikuwa nzuri, zikisimama kwa mstari kama zile za siku ile. Hilo ndilo lililonishtua. Nikaondoa zile alama, nikanakili kanda nzima kama ilivyo kwenye kinasa sauti kidogo.

Jumapili nilivua viatu mlangoni nikaingia. Kina mama walikuwa wameketi mikekani, wengine niliowajua tangu wakiwa wasichana, wakanisogezea nafasi. Mwanaisha sasa ni mtu mzima, mwalimu, mwenye sauti nzito ile ile ya mamake. Alinikumbatia. "Dada, umekuja," alisema, akanichukua hadi chumba cha ndani ambako kulikuwa na kitanda cha marehemu, kimetandikwa. Tuliketi juu yake pamoja. Nilitaka kumwambia kabla hajasikia, nikafungua mdomo, lakini alikuwa ameshakichukua kile kinasa sauti na kukibonyeza, na sauti ya Idi ikajaa chumbani, ikisafisha koo. Mwanaisha akaweka mkono kifuani. Kisha Idi akauliza kuhusu vitambaa, nami nikajibu.

Aliinyamazisha mashine. Akairudisha. Akasikiliza tena, akiwa ameinamisha kichwa upande mmoja.

"Mama alikuwa wapi hapo?" aliuliza.

"Jikoni."

"Kwa hivyo hakusikia."

"Hakusikia."

"Wala hukumwambia."

"Sikumwambia," nikasema. "Alinieleza mara nyingi kwamba ni mikono yake. Nilimwacha aseme hivyo, Mwanaisha. Nilijua, na nikamwacha."

Huko nje mtu alikuwa akigawa kahawa na vikombe viligongana. Nilingoja anitukane, na Mungu anisamehe, nilitamani anitukane, maana tusi ni kitu ambacho watu wa nyumba moja hupeana. Alisema tu, "Wiki iliyopita, kabla hajafa, alinitaka nimfunike mikono. Akasema hataki kuiona." Halafu akasimama, akalifungua pazia la mlangoni, akawaambia wanawake walioketi nje kwa sauti ya heshima kabisa, "Mleteeni mgeni viatu vyake."